Masale Yaliyotembea

Katika miaka yangu ya kutengeneza filamu, swali nililoulizwa kuliko yote ni hili: umetumwa na nani?

Niliulizwa Kihonda, nilipokuwa nashuti ukuta wa mashine ya kusaga kwa dakika arobaini, kwa sababu nilipenda namna vumbi la unga lilivyouchora upya kila gunia lilipomalizika. Mwenye mashine alitoka nje akataka kujua kama nimetoka kwa watu wa mazingira au kwa mshindani wake wa mtaa wa pili. Niliulizwa stesheni ya Kingolwira, nikingoja kivuli cha treni ya mizigo kipite juu ya nyasi. Mzee mmoja alikaa benchi la jirani saa nzima akijifanya anasoma gazeti, mwishowe akalikunja na kuniuliza. Niliulizwa na mama muuza machungwa pale Mikese, niliyekuwa nimemwomba tu asisogeze ndoo yake. Jibu langu lilikuwa moja: nimejituma mwenyewe. Sikumbuki mtu aliyeliamini. Mwanamke mtu mzima, hana televisheni iliyomwajiri, anabeba kamera na stendi juani ili apige picha ukuta. Hata mimi ningemshuku.

Jumamosi nilishuti harusi, na harusi ndizo zilizonilisha. Siku nyingine nilitengeneza filamu zangu, ambazo hazina hadithi, hazina waigizaji na mara nyingi hazina neno hata moja. Ile ya ukuta niliionyesha kwenye ukumbi mdogo mjini. Walikuja watu kumi na mmoja. Dakika ya sita mlinzi wa ukumbi aliwasha taa, akaomba radhi, akasema projekta imeganda.

Wazo la kwenda milimani lilinijia baada ya hapo. Nilitaka kuweka kamera mahali pamoja kwa mwaka mzima, picha ileile, pembe ileile, nione shamba linavyobadilika. Mama yangu ni Mluguru. Yeye alishuka mjini akiwa msichana, akawa muuguzi, akastaafu, akajenga Kihonda. Ndugu zake wawili walibaki juu: dada yake, ambaye kwangu ni mama mkubwa, na kaka yao, mjomba wangu. Mashamba yao yanapakana kwenye mteremko mmoja. Kwa Waluguru ardhi ya ukoo hupita kwa mama, lakini msemaji wake huwa mjomba. Kwa hiyo nilijua ruhusa nitaiomba wapi.

Siku niliyofika, mama mkubwa alikuwa anapura maharage uani. Nikamwamkia, akaitikia, akaendelea kupura.

"Hicho ulichobeba ni cha kupimia?" akaniuliza.

"Hapana, mama mkubwa. Ni kamera. Nataka kupiga picha mlima."

"Mlima umefanya nini?"

Akaniambia kwamba waliwahi kuja vijana wenye vyombo vyenye miguu mitatu kama hicho, wakasema wanapiga picha tu, na msimu uliofuata kukawa na maneno ya watu kuhamishwa karibu na vyanzo vya maji. Kisha akanitazama usoni kwa mara ya kwanza.

"Mama yako amesema nini kuhusu shamba?"

"Hajasema kitu."

"Hajasema," alirudia, na sauti yake ilionyesha kwamba hilo ndilo lililomtia wasiwasi zaidi.

Mjomba alinipokea tofauti kabisa. Alicheka, akaita watu wa nyumbani kwake waje wamwone mpwa wake aliyesoma, akanipeleka kwa mwenyekiti wa kitongoji yeye mwenyewe na kunisemea. Asubuhi iliyofuata alinichukua hadi kwenye jiwe kubwa bapa lililo juu ya mashamba, akaligonga kwa fimbo.

"Weka hapa. Hapa utaona kila kitu."

Kweli lilikuwa mahali pazuri. Kushoto lilionekana shamba la mahindi la mama mkubwa, kulia migomba ya mjomba, na katikati masale, ile mimea yenye majani marefu tunayoipanda kuwa mpaka, yakishuka kwa mstari mmoja mpaka korongoni. Kati ya masale na migomba palikuwa na ukanda wa magugu. Nyuma ya vyote hivyo kulikuwa na mlima, siku ukungu ulipotaka uonekane.

Nikaanza. Kila mwezi nilipanda mara moja, nikalala kwa mama mkubwa siku mbili, na kila asubuhi nikaiwasha kamera juu ya jiwe kwa dakika ishirini. Katika dakika hizo mjomba hakuniacha nikae peke yangu. Alinisubiri barazani kwake na chai ya tangawizi na magimbi ya kuchemsha.

"Mashine si inajifanyia kazi yenyewe?" alisema mara ya kwanza. "Njoo unywe chai."

Nilikwenda. Nilidhani ni upendo, na labda ulikuwemo. Lakini kila asubuhi, nikishamaliza kikombe cha pili, aliuliza swali lilelile kwa kulizungusha.

"Hicho chombo chako, kila kinachopita mbele yake kinakikumbuka?"

"Kila kitu, mjomba."

"Hata mtu akiwa mbali?"

"Hata akiwa mbali."

Alitikisa kichwa kama mtu aliyepewa habari njema.

Kwa mama mkubwa mambo hayakulainika. Alinipa chakula, alinipa kitanda, lakini nilipoingia chumba chochote mazungumzo yalihamia Kiluguru cha haraka ambacho mimi hukishika nusu. Mara moja nilikuta begi langu limefungwa tofauti na nilivyolifunga. Hakuna kilichopotea. Daftari langu la kazi, lenye michoro ya pembe za kamera, lilikuwa limerudishwa juu chini. Nadhani aliiona ile mistari akaisoma kuwa ramani ya shamba.

Nilimaliza mwaka wangu. Nikashuka Kihonda na asubuhi zangu ishirini na nne, nikazipanga kwenye kompyuta kuanzia ya kwanza hadi ya mwisho, nikaziendesha kwa kasi nione mahindi yakiota. Yaliota. Yakarefuka, yakatoa mbelewele, yakakauka, yakavunwa, shamba likabaki kahawia. Nilifurahi sana. Niliziendesha tena.

Mara ya tatu ndipo nilipoona masale yanatembea.

Mwanzo nilidhani nimekosea kuweka stendi, labda mwezi mmoja niliisogeza bila kujua. Nikaangalia mfenesi uliokuwa pembeni ya picha. Mfenesi haukusogea hata chembe. Nikaangalia korongo, nalo lilikuwa palepale. Masale peke yake ndiyo yaliyokuwa yanakwenda, kidogo kidogo, upande wa migomba ya mjomba. Mwezi wa kwanza ule ukanda wa magugu ulionekana wazi. Mwezi wa mwisho majani ya masale yalikuwa yanagusana na majani ya migomba.

Nilitafuta asubuhi moja baada ya nyingine. Niliipata wakati wa masika. Ukungu umetanda, mvua nyembamba, kamera peke yake juu ya jiwe, mimi nikiwa kwa mjomba na kikombe mkononi. Kutoka upande wa mahindi anatokea mtu aliyejifunika kanga kichwani. Chini ya kwapa amebeba mafungu ya masale, mkononi ana panga. Anainama, anachimba, anapanda, anakanyaga udongo. Anasogea hatua mbili chini, anarudia. Hana haraka. Kabla ya kuondoka ananyoosha mgongo akiwa ameshika kiuno, namna ambavyo nilikuwa nimemwona akiunyoosha uani kwake kila jioni kwa mwaka mzima.

Nilisimamisha picha. Nilikaa mbele yake mpaka chai yangu ikapoa. Kilichonikaa moyoni hakikuwa mama mkubwa. Kilikuwa ile fimbo ya mjomba ikigonga jiwe: hapa utaona kila kitu. Miaka yote nimeapa kwamba sijatumwa na mtu. Sasa nilikuwa nimetumwa mwaka mzima, kwa chai na magimbi, na sikujua.

Nilimwuliza mama yangu siku ileile, sikumwonyesha picha. Nilimwuliza tu mpaka wa kule juu ulikuwa wapi zamani. Alikuwa anachambua mchele. Hakuinua macho.

"Kwa nini unauliza?"

"Nimeuliza tu."

"Mpaka ulikuwa kwenye migomba," alisema. "Bibi yako alipofariki, kaka yangu aliyasogeza masale kabla arobaini haijaisha. Sisi wanawake tulikuwa ndani na msiba."

"Ulimwona?"

"Mimi nilikuwa ndani, nimekwambia."

"Sasa umejuaje?"

Akaacha kuchambua. "Wewe, nani amekutuma uniulize haya?"

Nilicheka, yeye hakucheka. Jioni ile aliniuliza, kwa sauti ya kupitapita, kama katika picha zangu kile kipande cha chini karibu na korongo kinaonekana, kile ambacho bibi alikuwa akisema ni cha binti yake mdogo. Binti mdogo ni yeye. Sikuwahi kumsikia akikitaja kabla ya siku hiyo.

Nilipanda tena mlimani wiki ile, bila kamera. Nilimkuta mama mkubwa jikoni. Nilianza mbali, nikamweleza kwamba kazi imeisha, kwamba nitaleta filamu waione shuleni kama nilivyoahidi kijiji. Kisha nikasema kwamba zile asubuhi nilizokwenda kunywa chai, kamera ilikuwa imewashwa.

Mwiko ulisimama ndani ya sufuria.

"Wewe hukuwepo," alisema.

"Sikuwepo. Lakini yenyewe ilikuwa inaona."

"Inaonaje bila mtu?"

"Ndivyo ilivyo, mama mkubwa."

Alisonga ugali mpaka ukaiva, akaupakua, akaufunika. Ndipo aliposema, akiwa amenipa mgongo: "Nilikuwa nayarudisha yalikotoka. Sikuiba." Halafu, kwa sauti nyingine kabisa: "Nilijua tangu siku ya kwanza kwamba amekuleta yeye."

Nilimwapia kwamba hakunileta. Nilisema wallahi. Alinitazama kama anavyotazamwa mchuuzi anayeapa kwamba nazi zake zote ni nzima.

Nilirudi Kihonda nikiwa nimeahidi filamu ambayo siwezi kuionyesha. Kuifuta asubuhi ile ya masika peke yake kusingesaidia kitu, kwa sababu masale yangeendelea kutembea mbele ya macho ya mjomba mwezi hadi mwezi. Kuiacha filamu yote sikuweza, ulikuwa mwaka wangu. Siku ya tatu nilifanya jambo ambalo naliandika hapa kwa mara ya kwanza: nilizichanganya asubuhi zile. Nikaweka mwezi wa tisa mbele ya wa pili, wa kumi na moja nikautia katikati, mavuno yakaja kabla ya kupanda. Nilizichanganya mpaka hakuna mstari wa masale uliofuatana na mwenzake, mpaka mtu asiweze kusema upi ulitangulia. Palipokuwa na ukungu nilirefusha. Asubuhi ya masika niliitoa. Na nilipoitazama, ilikuwa nzuri kuliko ile iliyonyooka. Hilo lilinitia aibu kwa namna ambayo mpaka leo sijaielewa vizuri.

Tuliionyesha Jumamosi mchana, darasani, madirisha yamezibwa kwa mikeka na kanga. Watu walijaa. Mjomba alikaa kiti cha mbele na fimbo yake katikati ya magoti. Mama mkubwa alisimama nyuma karibu na mlango, na nilijua kwamba yuko pale ili aweze kutoka.

Mahindi yalikomaa. Kisha yakawa machipukizi. Kisha shamba likawa tupu, kisha mahindi yakawa marefu tena.

"Mbona yanarudi utotoni?" mama mmoja alipaza sauti, darasa likacheka. Mtu akasema labda ni mbegu za kisasa. Walicheka tena, na kicheko kile kilinisaidia. Mjomba hakucheka. Nilimwona akihesabu kwa kidole kwenye fimbo, akifika mahali anaacha, anaanza upya.

Ilipoisha alisimama kabla taa hazijawashwa.

"Hii umeichanganya."

"Ndiyo, mjomba. Ndivyo filamu yenyewe ilivyo."

"Nani amekwambia uichanganye?"

"Hakuna mtu, mjomba."

Ilikuwa kweli, na haikuwa kweli. Akasema anataka zile zilizonyooka, za mwanzo kabisa. Nikamjibu kwamba nikishamaliza kazi nafuta zilizobaki, nafasi kwenye kompyuta ni ndogo. Siku ile sikukaribishwa chai.

Hakuishia hapo. Baada ya wiki chache aliita kikao cha ukoo, nami nikapigiwa simu nipande. Walikaa kwenye baraza la bibi mmoja mkongwe wa ukoo, anayekumbuka mashamba yote kwa majina ya waliokwisha kufa. Mjomba alieleza kwamba mpaka umeguswa, na kwamba anaye shahidi, mpwa wake, aliyekuwa juu ya jiwe mwaka mzima. Bibi akanigeukia.

"Wewe mtoto. Ulimwona mtu akigusa masale?"

Mama mkubwa alikuwa anatazama miguu yake.

"Kwa macho yangu sikumwona mtu, bibi. Kamera ikiwa kwenye jiwe, mimi nilikuwa kwa mjomba nakunywa chai. Kila siku. Mwenyewe ni shahidi."

Watu waliguna, wengine wakacheka kwa kujificha. Mjomba aseme nini? Kwamba alikuwa ananiweka mbali na jiwe ili mtu ajione yuko huru, wakati kamera inamtazama? Bibi akauliza mpaka ulikuwa wapi wakati wa mama yao. Mjomba akasema ulipokuwa kabla ya mwaka huu. Mama mkubwa akasema kwenye migomba. Bibi akasema yeye anakumbuka migomba, lakini hakumbuki migomba ipi. Waliamua masale yasiguswe na yeyote mpaka baada ya mavuno, ndipo wakae tena. Mavuno yamepita mara kadhaa. Hawajakaa tena. Masale yapo pale alipoyapanda mama mkubwa, na kila upande unasema upande wa pili unangoja afe mtu.

Filamu ile ndiyo iliyonitoa. Tamasha moja la nje ya nchi liliichukua. Barua ya mwaliko ilipokuja niliishuku wiki mbili nzima, nikidhani ni matapeli wanataka namba za pasi yangu, mpaka nilipopigiwa simu. Nilikwenda. Waamuzi waliandika kwamba nimevunja mstari wa wakati kwa ujasiri. Baada ya maonyesho mwanamke mmoja alinyanyua mkono akaniuliza nilifikaje kwenye uamuzi ule wa kuyachanganya majira. Nilizungumza kwa dakika tano kuhusu kumbukumbu ya mkulima, kuhusu mwaka unaojizungusha. Nilizungumza vizuri. Wengine waliandika. Tangu hapo kila anayenialika anatarajia filamu iliyochanganywa, na filamu mbili zilizofuata nimezichanganya, ingawa hazikuwa na mtu wa kumficha. Nikisoma wanavyoniandika, namna yangu ya kutazama wakati na mengine kama hayo, hujiuliza wangeandika nini kama mama mkubwa wa jirani ndiye aliyehamisha mpaka na si wa damu yangu.

Mama mkubwa aliteremka Kihonda mara moja tu baada ya kikao. Alikuja na ndizi na mdalasini, akakaa na dada yake, wakazungumza habari za wagonjwa. Mama alipotoka kwenda dukani, akanigeukia.

"Zile nyingine. Zilizonyooka. Zipo?"

Nilikwenda chumbani nikamletea diski niliyozihifadhia, kitu kidogo cha kutosha kiganjani. Nikamwambia zote zimo humu, afanye atakavyo. Aliigeuza geuza, akaipima uzito, akaifunga kwenye ncha ya kanga.

"Na nyingine?"

"Hakuna nyingine, mama mkubwa."

Alinitazama. Macho yake yanafanana sana na ya mama yangu, ila yake hayapepesi.

"Siku ile kwenye kikao ulisema kwa uso huohuo," alisema.

Mama alirudi na sukari, tukaendelea na habari za wagonjwa. Asubuhi niliwahi kumsindikiza stendi, nikambebea mzigo mpaka akapanda gari. Hakunishukuru, na sikutarajia. Ncha ya kanga alikuwa ameishika mkononi muda wote.

Ipo nyingine. Nimeihifadhi mahali ambapo mama yangu hapajui, na nimebadilisha mahali hapo mara mbili. Nimejaribu kujiambia ni mazoea ya kazi tu, kwamba hakuna mtengenezaji wa filamu anayefuta kazi yake. Mwezi uliopita mjomba alipiga simu, mara ya kwanza kwa muda mrefu. Aliuliza hali, aliuliza kazi, akasema migomba imezaa sana mwaka huu, nipande nikachukue mkungu. Nilimshukuru, nikamwambia nitakuja. Kisha nikaketi na simu mkononi, nikijaribu kujua anataka nini.